Fundi Taratibu na Kamera ya Mama Cherehani

Wateja wapya walikuwa na kawaida ya kupiga simu na kuuliza, "Fundi yupo?" Aliyepokea alikuwa mwanamume mwenye sauti nene kama ya mtangazaji, na jibu lake lilikuwa lilelile siku zote: "Fundi ni mke wangu. Mimi ni katibu tu. Una shida gani?" Wengine walicheka, wengine walikata simu wakidhani wamekosea namba. Waliobaki na kueleza shida yao hawakujuta.

Kusema kweli, mwanzoni kazi ya kufunga kamera ilikuwa ya mume. Yeye ndiye aliyenunua ngazi, yeye ndiye aliyechapisha vikadi vya biashara, na yeye ndiye aliyejitangaza mtaa mzima kwamba nyumba isiyo na kamera ni nyumba isiyo na macho. Kasoro yake ilikuwa moja tu, nayo ilikuwa kubwa: juu ya ngazi magoti yalimcheza. Alipanda vipandio vya mwanzo akashuka, akasingizia jua, akasingizia nyigu, akasingizia ngazi yenyewe kwamba haina adabu. Mkewe, ambaye alikuwa ameletwa kushika ngazi isiteleze, siku moja uvumilivu ukamwishia. "Mwenzangu, shika wewe, nipande mimi," akasema. Akapanda, akafunga, akashuka akipangusa vumbi mikononi. Hawakubadilishana tena tangu hapo, na ndoa yao, kwa taarifa ya wale wanaopenda kuuliza ya wenzao, ikazidi kunoga.

Jina la Taratibu mke huyu alipewa na wateja, na mwanzoni halikuwa jina la sifa. Watu wa siku hizi wanataka kila kitu chapuchapu. Fundi akiingia getini wanataka awe ameshamaliza. Na mafundi wengi wamejifunza kuwaridhisha: wakiikuta kamera imepoteza mtandao, hawaulizi, hawapimi, wanachomoa pini mfukoni na kukibonyeza kile kitundu kidogo cha nyuma, kamera inarudi kama ilivyotoka dukani, wanaiunganisha upya, wanachukua chao na kuingia mitini. Wiki haiishi, imekatika tena. Mwenye nyumba anabaki kuitukana kamera ya watu bure.

Yeye kile kitundu hakukigusa mpaka iwe hapana budi. Alikiita kitundu cha majuto. "Ukikibonyeza," alikuwa akisema, "umemfukuza shahidi kabla hujamuuliza." Alianzia ukutani kwenye umeme, akaja kwenye waya, akaja kwenye kisanduku cha intaneti, na kamera yenyewe ndiyo ilikuwa ya mwisho kuguswa. Na kabla ya yote hayo alivuta kiti, akaketi, akauliza swali lake moja: tangu kamera ilipofanya kazi mara ya mwisho, ni nini kimebadilika humu ndani? Maana kamera, kwa mujibu wake, haiamki asubuhi ikajiamulia kugoma.

Na kila mara kilikuwepo kitu. Kuna nyumba walihamisha friji, wakakibana kisanduku cha intaneti nyuma yake, kisha wakashangaa kwa nini kamera ya uani haioni. Kuna bwana mmoja mwenye duka alibadilisha paswedi ili kumkomesha shemeji yake, aliyekuwa anakuja kila jioni kula intaneti ya bure na kupiga soga. Alimfungia shemeji, akaifungia na kamera, na asubuhi yake akaja juu kwamba ameuziwa kamera feki. Fundi Taratibu alimsikiliza mpaka mwisho, akamuuliza taratibu, "Na shemeji hajambo?"

Basi siku moja asubuhi, katibu alipokea simu kutoka mji mwingine, mji wa kutwa nzima barabarani. Aliyepiga alikuwa kijana mmoja, anaongea kwa heshima lakini maneno yake yamekaza. Alisema mama yake anaishi peke yake mjini humu, na sebuleni kwake kuna kamera aliyoiweka yeye. Tangu juzi mchana, kila akifungua simu anakuta kiza na maneno kwamba kamera haipatikani.

"Kaka, naomba unielewe," alisema. "Nilimwambia mama aje akae kwangu, akakataa katakata. Tukakubaliana: abaki kwake, ila nimwone. Sasa simwoni. Nikiwa kazini akili yangu haiko hapa. Kama kamera haitarudi leo, Jumamosi nakuja kumchukua, na ile nyumba tutaipangisha. Sitaki tena kubishana."

Katibu aliishusha simu, akamtazama mkewe aliyekuwa anapanga bisibisi zake kwenye mkoba. "Huyu hatanii," alisema. "Na sauti yake ni ya mtu ambaye hajalala."

Nyumba yenyewe ilikuwa ya mwisho kwenye safu, ndogo, yenye geti la chuma lililopakwa rangi kwa mkono usio wa mtaalamu. Fundi Taratibu alipogonga, sauti ya cherehani ndani ikanyamaza. Aliyemfungulia alikuwa mama mwembamba, futi ya kupimia imening'inia shingoni, miwani kwenye ncha ya pua, na uzi mweupe umemganda begani. Mtaa mzima ulimwita Mama Cherehani, na hakuna mtoto wa shule pale jirani ambaye hakuwahi kuvaa sare iliyopita mikononi mwake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Wewe ndiye uliyetumwa uje unihamishe?"

"Mimi nimetumwa kutengeneza kamera, mama."

"Ni yaleyale." Akafungua mlango wote. "Karibu. Ukishindwa wewe, nahama mimi. Kwa hiyo pita, na Mungu akusaidie."

Sebule ilikuwa nusu nyumba, nusu karakana. Cherehani ilikuwa chini ya dirisha ili ipate mwanga, mezani kulikuwa na marundo ya sare za bluu zilizokatwa lakini bado hazijaunganishwa, na chaki za kuchoria zilikuwa zimesambaa kwenye sahani ya chai. Sakafu ilikuwa ya saruji, imepigwa deki ikang'aa. Juu ya kabati la vyombo, usawa wa kichwa cha mtu, ilikaa kamera nyeupe yenye jicho jeusi, inatazama chumba kizima mpaka mwanzo wa korido.

Fundi Taratibu akavuta kiti kama desturi yake. Mama Cherehani naye akaketi, na hapo fundi akaona jambo la kwanza: aliketi kwa upande, pole pole, kama mtu anayekiomba kiti ruhusa.

"Unajua, yule mwanangu simchukii," Mama Cherehani alianza bila kuulizwa. "Ni mtoto mwema, haninyimi kitu. Lakini kwake nitakaa kwenye kochi tangu asubuhi nikisubiri watu warudi kazini. Hapa kuna watu wanabisha hodi. Hapa mtu akija na suruali imepasuka anaondoka imeshonwa, ananiambia asante mama. Nyumba hii hatukurithi. Nimeishona, shati kwa shati. Leo niiache kwa sababu ya hiki kijicho?" Akaionyesha kamera kwa kidevu. "Tena afadhali ingekuwa inaongea. Ananiangalia, hanisemeshi. Zamani alikuwa ananipigia simu kila siku. Siku hizi akishaniona nimepita na kikombe, ameridhika."

Fundi alimsikiliza. Aliacha yamalizike yote, maana yeye aliamini kwamba mtu anayeeleza ya moyoni huwa anaeleza na ya kwenye waya humohumo. Halafu akauliza swali lake.

"Mama, tangu kamera ilipofanya kazi mara ya mwisho, nini kimebadilika humu ndani?"

"Hakuna."

Jibu lilitoka haraka mno, kama mlango uliopigwa teke. Fundi Taratibu akaitikia kwa kichwa, akainuka, akaanza kazi.

Alianza ukutani. Akachomeka taa yake ndogo kwenye soketi, ikawaka. Akaufuata waya kwa vidole kutoka mwanzo hadi mwisho, hakuna palipokatika wala palipotafunwa na panya. Akaenda koridoni kwenye kisanduku cha intaneti, taa zake zote zilikuwa kijani. Akaomba simu ya Mama Cherehani, akafungua habari za siku ile, zikafunguka bila kusitasita. Umeme upo, intaneti ipo, waya ni mzima. Akabaki na kamera yenyewe.

Akaisogelea bila kuigusa, akaitazama taa yake ndogo ya mbele. Kamera iliyopoteza mtandao huwa inahangaika: inapepesa taa haraka haraka, inapumzika, inajaribu tena. Hii haikuwa inahangaika. Ilikuwa inapepesa polepole, kwa raha zake, kama mgeni aliyefika mahali kwa mara ya kwanza na kusubiri aonyeshwe pa kukaa. Hapo fundi akajua. Hii kamera haikupoteza kitu. Ilikuwa imebonyezwa kile kitundu.

Akaigeuza. Pembezoni mwa kitundu cha majuto kulikuwa na mikwaruzo mipya, myembamba sana, ya mtu aliyekuwa akilenga na kukosa mkono ukimtetemeka. Pini ya fundi haikwaruzi hivyo. Fundi Taratibu aliinua macho yakatua kwenye kifuko cha sindano kando ya cherehani, sindano za kila ukubwa zimechomekwa zimesimama. Akarudi kuitazama kamera.

Fundi mwingine hapo angeruka juu: "Ahaa, kumbe ni wewe!" Wapo wanaofurahia sana kumkamata mtu, hasa mtu mzima. Yeye aliirudisha kamera mahali pake, akaketi tena kwenye kile kiti, akaokota kipande cha sare kilichoanguka na kukikunja.

"Mama, mkono unauma?"

Mama Cherehani alikuwa amevaa mikono mirefu, na joto lile. Akauvuta mkono wa kushoto, akaubana kwenye mbavu. Nje alipita mtu na baiskeli inayolialia. Ilipokwisha kupita, machozi yalikuwa yameshafika kwenye ukingo wa miwani.

"Yule fundi wa kwanza, aliyeletwa na mwanangu kuifunga," alisema, "aliniambia nikae mbali na kile kitundu. Akasema ukikibonyeza, inasahau kila kitu. Basi nikasema, na isahau."

"Isahau nini, mama?"

"Nilianguka."

Akaeleza kila kitu. Alikuwa anatoka mezani na nguo mkononi, akajikuta chini. Hakuvunjika popote, mkono tu ulivimba na nyonga ikawa inamsumbua akikaa. Alipoinuka, kitu cha kwanza alichokiona kilikuwa ile kamera inamkodolea macho. Akajua kwamba mwanawe jioni akitoka kazini atafungua simu, atamwona mama yake yuko sakafuni, na mjadala utakuwa umekwisha. Hakuwaza mara mbili. Akachomoa sindano.

Fundi Taratibu aliingiwa na huzuni, tena huzuni ya kweli, kwa sababu alijua jambo ambalo mama yule hakulijua. Akalisema, maana halikuwa la kufichwa.

"Mama, kile kitundu kinaisahaulisha kamera jina la intaneti na paswedi. Ndiyo maana imekatika. Lakini picha hazikai huko. Picha ziko kwenye kadi ndogo humo tumboni mwake, na kadi haisahau mpaka iambiwe ifute. Nikiiunganisha sasa hivi, mwanao akitaka kurudisha nyuma, ataona."

Mama Cherehani alimtazama, akaitazama kamera, akamtazama tena. "Kwa hiyo nilichotaka kisahaulike kipo, na nilichokuwa nakihitaji ndicho kilichosahaulika?"

"Ndivyo, mama."

"Jamani! Miaka yote hii sijawahi kukata kitambaa cha mtu vibaya, leo nimejikata mwenyewe." Akacheka kidogo, kicheko kikamfia mdomoni. Halafu akamshika fundi mkono. "Basi futa. Wewe unajua. Futa hiyo kadi, mwanangu, tuyamalize hapa hapa."

Ilikuwa kazi ya kubonyeza mara moja. Mtu asingejua, si mwana, si katibu, si jirani. Na Fundi Taratibu alikuwa na huruma, asidhaniwe vingine. Alitamani kuifuta mpaka kidole kikamwasha. Wengi wetu tungeifuta, tena tungejiona tumetenda wema. Lakini alipoongea, aliongea pole pole kuliko siku zote.

"Kamera hii si yangu, mama, na aliyeniita ni mwanao. Akiniuliza nimekuta nini, sitamdanganya, kwa sababu nikimdanganya leo, hata ile siku nitakayomwambia mama ni mzima hataniamini. Lakini kuanguka ni kwako. Siwezi kukubeba mdomoni nikakupeleka kwa mwanao kama umbea. Hilo nalo sitalifanya."

"Sasa hapo umenisaidia nini?"

"Bado sijamaliza. Mimi sirudishi kitu mtandaoni kabla sijakiangalia. Tukiangalie wote wawili."

Mama Cherehani alikataa. Alisema hana haja ya kujiona akiwa sakafuni kama mzigo. Akasema ana sare za kumaliza. Akainuka, akarekebisha futi shingoni, akaketi tena. Mwishowe akasema, "Haya, leta, tuone huo uchafu," akasogeza kiti.

Fundi aliitoa kadi, akaichomeka kwenye kompyuta yake ndogo. Sebule ileile ikatokea mbele yao, tofauti moja tu: katikati ya sakafu kulikuwa na kapeti jekundu, nene, lenye maua. Mama Cherehani wa kwenye picha alitoka mezani na nguo zimemjaa mikononi. Ncha ya kapeti ilikuwa imejikunja juu. Mguu ukaingia pale. Akaenda chini mzima mzima, nguo zikatawanyika, na fundi pale kitini akajikuta amemkamata Mama Cherehani bega kana kwamba bado anaweza kumdaka.

Kwa muda hakuna kilichosogea. Kisha kutoka sakafuni ikasikika sauti, safi kabisa, yenye hasira: "Kapeti mshenzi wewe!"

Wote wawili wakaangua kicheko. Lakini kilichofuata kiliwanyamazisha. Yule mama wa kwenye picha hakupiga kelele wala hakuita mtu. Alijigeuza ubavu, akapumua. Akajikusanya akapiga magoti. Akatambaa mpaka kwenye kigoda cha cherehani, akakiegemea, akatuliza roho. Mguu mmoja ukapanda. Kiganja kikajikita kwenye meza. Akainuka, kidogo kidogo, mpaka akasimama wima. Akafunga kilemba vizuri. Akaokota nguo za watu moja moja, akaziweka mezani. Ndipo alipogeuka, akaiona kamera, na uso wake ukabadilika. Akachomoa sindano, akaja, akaja, sura yake ikajaa kioo chote, midomo imebanwa kama anatunga uzi. Kisha kukawa kiza.

Mama Cherehani alikuwa amevua miwani. "Sikujua kwamba niliinuka hivyo," alisema. "Mimi nakumbuka kuanguka tu."

"Mimi nina umri wa wanao," fundi akasema, "na sina hakika kama ningeinuka namna ile. Kapeti liko wapi?"

"Uvunguni mwa kitanda. Nilikwenda kulizika."

"Lilikuwa linajikunja siku zote?"

"Tangu lilipoingia. Nimelikandamiza na meza, nimelipiga hata pasi. Halisikii."

"Kwa nini hukuliondoa mapema, mama?"

Mama Cherehani aliizungusha futi kidoleni, akaizungusha tena. "Aliniletea yeye. Alisema miguu yangu isipate baridi. Na kamera hii inaliangalia mchana kutwa. Ningeliondoa angeona, angedhani sikulipenda. Basi nikawa nalirukaruka."

Fundi Taratibu aliirudisha kadi tumboni mwa kamera, kisha akaanza kuifundisha kamera ile nyumba upya. Kwenye simu ya Mama Cherehani ilikuwemo programu ya kamera ambayo mwanawe alikwisha kuiweka kwa akaunti yake, na mwenyewe hakuwa ameifungua hata siku moja. Fundi akaifungua, akaiandikia jina la intaneti na paswedi, ukatokea mraba wenye vidoadoa, akaunyanyua mbele ya jicho la kamera, akatulia bila kutikisika. Kamera ikatoa mlio. Ile taa ndogo ikaacha kupepesa, ikatulia kwenye rangi ya bluu.

Kazi yake haikuhesabika kuwa imekwisha mpaka aliyeita athibitishe kwa macho yake. Ndiyo kawaida aliyojiwekea: anampigia mwenye kamera, anamwomba mtu wa nyumbani apite mbele, na yule wa mbali aseme anaona nini. Akapiga, akaweka sauti kubwa, akaiweka simu mezani kati ya sare.

"Naona!" kijana akapaza sauti hata kabla ya salamu. "Nakuona, mama! Umependeza. Ah, fundi, Mungu akubariki, nimepumua. Asante sana, dada yangu. Tatizo lilikuwa nini?"

Fundi alimtazama Mama Cherehani, na Mama Cherehani alikuwa anatazama mikono yake mwenyewe.

"Kile kitundu cha nyuma kilibonyezwa, ikasahau intaneti," fundi alisema. "Nimeiunganisha upya. Yenyewe ni nzima."

"Kimebonyezwa? Nani amekibonyeza?"

Fundi Taratibu hakujibu. Watu waliomjua walimsifu kwa mengi, kwa ngazi, kwa waya, kwa kutokudanganya, lakini lililokuwa gumu kuliko yote ni hilo la kukaa kimya pale ambapo neno moja lake lingemaliza jambo, ama kwa kumwokoa mtu ama kumchoma. Alinyamaza akamwachia mwenyewe nafasi yake.

Mama Cherehani alijikaza. Akainuka kutoka kwenye kiti, akaenda akasimama katikati ya sakafu, mahali ambapo mwanawe angemwona mzima.

"Mimi," alisema. "Nilikibonyeza mimi, kwa sindano. Sasa nisikilize, baba. Rudisha nyuma mpaka juzi mchana. Uangalie mpaka mwisho. Usizime katikati, na usinipigie kelele. Mpaka mwisho."

Upande wa pili wakasikia kidole kinagusagusa kioo. Kisha, kupitia simu, wakasikia kishindo.

"Mama!"

"Nimesema mpaka mwisho."

Ikafuata ile sauti ya kulitukana kapeti, ndogo, ya mbali. Baada ya hapo hakukuwa na cha kusikia, maana mtu anayejiinua mwenyewe hatoi sauti. Fundi Taratibu alikuwa ameshika bisibisi na hakuwa na kitu cha kukaza. Alijua pale kijana alipofika: sasa yuko magotini, sasa yuko kwenye kigoda, sasa anaokota nguo. Mama Cherehani alibaki amesimama, mkono mzima umeushika ule ulioumia, anasubiri hukumu yake ndani ya nyumba yake mwenyewe. Kwenye simu wakasikia kijana anavuta kamasi.

"Ni lile kapeti," alisema hatimaye.

"Ndilo."

"Kwa nini hukulitoa, mama?"

"Ulileta wewe. Na ulikuwa unaniangalia."

Kijana aliongea kama mtu anayejifunza maneno upya. "Jumamosi nakuja."

Mama Cherehani aliitikia kwa kichwa. "Kunichukua."

"Hapana, mama," alisema. "Kuchukua kapeti."

Mama Cherehani alijifunika uso kwa sare ya mtoto wa watu, akalia palepale katikati ya sebule yake, mbele ya kamera, huku mwanawe akimwona.